Kifua cha Kuazima

Mashine ya hewa Tusekile alikuwa ameibatiza jina la Shemeji, kwa sababu ilikoroma nyumbani mwake mchana na usiku na haikuwahi kuleta hata posa. Ilivuta hewa ya ziwa, ikaichuja, ikailowesha kidogo, kisha ikaimwaga chumbani ikiwa laini kama maji ya kunawa mtoto. Mtu aliyetaka kuingia humo alipaswa kuoga, kubadili nguo na kusimama kwenye kijichumba cha kupulizwa vumbi mpaka taa iwe ya kijani. Ndugu na marafiki walipouona usumbufu huo walianza kusalimia dirishani. Baadaye wakawa wanasalimia kwa simu. Baadaye tena, basi.

Waliobaki ni muuguzi wa kijiji, na wale wadudu wa Ziwa Nyasa wanaoinuka majini kama moshi wa nyumba inayoungua. Upepo ukiwaelekeza Matema, walijaa kwenye kichujio cha Shemeji mpaka akapaliwa. Muuguzi alikuwa anawakwangua kwa kisu cha mkate, akawatia kwenye mfuko na kwenda kuwakaanga kwake.

"Wewe unakula pumzi yangu," Tusekile alimwambia siku moja kupitia kioo.

"Na ina chumvi ya kutosha, mama," muuguzi akajibu, akaenda zake.

Daktari ndiye aliyempeleka Matema. Huko kwao Mbeya, juu milimani, hewa ni nyepesi mno kwa mtu ambaye mapafu yake yamegeuka makovu matupu. Matema ni chini, hewa yake ni nzito, inashiba. Lakini hata hiyo iliyoshiba aliipata kwa vijiko. Kutoka kitandani hadi dirishani alipumzika njiani. Akisema sentensi, aliikata vipande kama mtu anayekata muwa kwa kisu butu. Na huyu ndiye mwanamke ambaye nyimbo zake zilikuwa zinapigwa harusini na msibani, kwenye magari ya mizigo yanayojiendesha yenyewe, na kwenye masikio ya askari wa mpakani.

Kwa sababu alikuwa bado anaimba. Ila si kwa kifua chake.

Asubuhi hiyo ya mazoezi alifungua ukuta wa picha, na ukutani akatokea Subilaga, msichana wa Mbeya mwenye mabega mapana, amesimama kwenye chumba cha mazoezi, mdomo umejaa.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba. Unatafuna nini?"

"Kande."

"Asubuhi yote hii? Ndiyo uniimbie na maharage kwenye meno?"

"Wewe ndiye utakayeimba, shangazi. Mimi nabeba tu. Na mbebaji lazima ashibe."

Hawakuwa ndugu. Miaka yote waliyofanya kazi pamoja hawajawahi hata kushikana mikono. Lakini Subilaga alikuwa amemwita shangazi tangu siku ya kwanza, na Tusekile hakuwa na mtu mwingine wa kumwita hivyo, akaliacha jina likae.

"Kitendawili!" alisema Tusekile. Hawakuanza kazi bila hicho.

"Tega!"

"Mgeni wangu hakai. Siku akikaa, nimekwisha."

Subilaga akameza kande. "Mkwe."

"Mkwe akikaa unakwisha kweli, lakini siyo."

"Mvua? Usingizi? Shangazi, hiki kigumu."

"Basi nipe mji."

"Nakupa Tunduma."

"Tunduma ulishanipa."

"Chunya."

"Na Chunya. Na Tukuyu, na Songea, na Sumbawanga yote."

"Jamani, miji ya nchi hii yote unayo wewe! Umebakiza Matema tu, na humo ndimo unamolala."

"Matema hautolewi. Huo ni wangu. Leta mwingine."

"Haya, nakupa Kasumulu, pale mpakani. Uchukue na malori yao."

Tusekile akatulia kidogo, akakusanya pumzi ya kusemea. "Nilikwenda Kasumulu. Wakanilaza kitanda cha mninga. Wakanipikia samaki, mbasa. Wakanisindikiza mpaka darajani. Mgeni wangu... ni pumzi. Inaingia, inatoka. Siku ikigoma mojawapo, hakuna mtu tena hapo."

"Ah! Nilikuwa nakijua hicho!"

"Wote husema hivyo. Vaa mkufu."

Kila mmoja alikuwa na wake. Ulikuwa utepe mwembamba wa fedha unaozunguka shingo, na kwa nyuma una vijiti laini vinavyogusa ngozi. Mkufu wa Tusekile ulisoma amri ambazo ubongo hupeleka kooni na kifuani kabla hazijafika, ukazituma Mbeya. Mkufu wa Subilaga ukazipokea, na mwili wake ukazitii. Tusekile akitaka kuvuta pumzi, kifua cha Subilaga kilijaa. Tusekile akitaka neno, ulimi wa Subilaga ulilitamka. Sauti iliyotoka ilikuwa ya Tusekile kwa sehemu kubwa na ya Subilaga kwa mbali, kama chai iliyochemshwa kwenye sufuria ya mtu mwingine. Mbebaji akichoka alikuwa na haki ya kukataa: akikaza shingo kidogo tu, mkufu ulilegea. Subilaga hakuwahi kukaza.

Tena mkufu ulikuwa wa pande mbili, kwa maana mtu hawezi kuimba kwa kifua asichokisikia. Na hili ndilo Tusekile hakumwambia mtu yeyote. Watu walidhani anaupenda umaarufu. Hapana. Alichopenda ni ile sekunde ya kwanza, mkufu unapowaka, ambapo ndani ya mwili wake uliokauka unafunguka ukumbi mkubwa wenye madirisha wazi, na hewa inaingia yote, mpaka kwenye mbavu za chini, haikwami popote. Ndizo saa pekee ambazo hakuwa peke yake. Alisikia moyo wa mtu mwingine ukigonga. Alisikia hata kande zikishuka.

Siku hiyo mkufu ukawaka. Ukumbi ukafunguka. Wakaanza wimbo wa "Jiwe Halina Haraka," ule wenye pumzi moja ndefu katikati, unaoshikilia sauti mpaka wasikilizaji wanaanza kushika vifua vyao wenyewe.

*Piga mama, piga,*
*jiwe halina haraka,*
*piga mama, piga,*
*jua litashuka...*

Akavuta ile pumzi ndefu. Ikaingia, ikaingia, ikateremka. Na kule chini kabisa, upande wa kushoto, karibu na mgongo, akasikia kitu.

Kilikuwa kidogo. Ilikuwa kama mtu anabandua taratibu kiatu cha mtoto, kile cha kubandika na kubandua. Krrr. Kikanyamaza.

Akaimba hadi mwisho. Akavuta tena kwa makusudi, mpaka chini. Krrr.

"Shangazi, leo unanijaza kama puto," Subilaga alisema wakipumzika, akicheka.

Tusekile hakucheka. Sauti hiyo aliijua kuliko alivyojua sura yake kwenye kioo. Aliishi nayo miaka mingi kabla daktari yeyote hajaiwekea jina.

*

Tusekile alikulia machimboni Itula, huko huko Mbeya. Hapo wanawake walikaa chini ya vibanda vya magunia, kila mmoja na fungu lake la mawe na nyundo yake, wakipasua kokoto za kujengea. Kampuni za barabara zilishakuwa na mitambo inayosaga mlima mzima, lakini mtu anayejenga chumba na sebule bado alinunua kokoto za mkono. Wanawake waliimba ili mikono isilale, na nyimbo zao zilikuwa na mtindo ambao hauko kwingine: nyundo ikipanda, unavuta, nyundo ikishuka, unaimba. Pumzi fupi na ya nguvu, kisha neno refu. Mama yake Tusekile alimfundisha hivyo kabla hajaanza shule. Nyimbo zake zote alizitunga kwa pumzi hiyo, na alipokuwa maarufu, wajuzi wa redio walizungumza sana kuhusu mahadhi yake ya ajabu. Zilikuwa ni nyundo tu.

Ila mtu akivuta wakati nyundo inapanda, anavuta juu ya vumbi la pigo lililotangulia. Hilo hakuna aliyelifikiria. Mama yake alikohoa, akakonda, akafa, wakasema ni kifua. Kisha ikawa zamu ya binti.

Na mikufu ilipotengenezwa, wakamletea wabebaji wazuri: waimbaji wa kwaya, walimu wa muziki, kijana mmoja aliyekuwa mpiga mbizi mwenye mapafu kama magunia ya mpunga. Wote walishindwa. Miili yao ilivuta wakati isipotakiwa, maneno yakagongana na pumzi, na wote wawili wakaishia kukohoa. Ndipo Tusekile alipomwambia Gwamaka, meneja wake, kwa fahari kabisa, "Nendeni Itula. Mtafute binti aliyekua na nyundo. Huyo atanijua."

Wakampata Subilaga. Mkufu ulimkaa siku ya kwanza, kama aliyezaliwa nao.

Sasa Tusekile alikaa kitandani, mkufu mapajani, akiyarudia maneno yake mwenyewe. Nendeni Itula. Alikuwa ametafuta pumzi inayofanana na yake, akapewa inayofanana nayo kwa kila kitu.

Gwamaka alipotokea ukutani mchana, alikuwa anatabasamu mpaka fizi.

"Mama! Uwanja umejaa kabla ya siku yenyewe. Watu wanatoka Malawi, wanatoka Zambia. Jumamosi Mbeya haitoshi."

"Gwamaka. Hawa wabebaji... mnawapima?"

"Kila mwezi, mama. Damu ya Subi ina hewa safi kabisa. Mbona?"

"Damu tu? Kifua hampigi picha?"

"Damu ikiwa safi, kifua cha nini?" Tabasamu likapungua. "Mama, umesikia kitu? Kama umesikia, sema sasa hivi. Mbebaji akiwa na tatizo la mapafu anavuliwa mkufu siku hiyo hiyo, ndiyo sheria. Na unajua hatuna mwingine. Ukimkosa Subi, umemkosa... Sijui nisemeje. Tunafunga duka."

Tusekile alitazama dirishani. Nguzo ya wadudu ilikuwa imesimama katikati ya ziwa, nyeusi, haisogei.

Alijua hali hiyo inavyokwenda kwa wengi wa machimboni. Ikigunduliwa mapema, mtu akiacha vumbi na kuacha kukitanua kifua kwa nguvu, inaweza kusimama palepale, akazeeka nayo. Ikichelewa, ni Shemeji. Na kila wimbo wa mkufu ulikuwa unakivuta kile kifua kuliko mwenyewe angekivuta.

Tamasha moja. Baada ya tamasha atasema.

"Hakuna," alisema. "Nimeuliza tu."

*

Ijumaa Subilaga alipiga mwenyewe, siyo kwa kazi. Alikuwa amekaa kwenye rundo la matofali, nyuma yake kuta za nyumba isiyo na paa.

"Angalia, shangazi! Hiki ni chumba cha mama. Hiki changu. Na hapa," akageuza simu, "hapa ni chako, ukija. Nimeambiwa nikiweka madirisha ya aina fulani na mashine kama Shemeji, unaweza kukaa hata mwezi."

"Mimi nije Mbeya? Huko juu? Mtanizika."

"Basi kitakaa bila mtu, kitakungoja." Akakohoa kidogo, akajifuta mdomo kwa kiganja.

"Unakohoa."

"Vumbi tu. Jumapili nilikwenda kumsaidia mama kupasua, fungu lake lilikuwa halijaisha. Si unajua Itula, ukiondoka inakufuata."

"Vumbi tu," Tusekile alirudia.

Hayo ndiyo maneno aliyoyasema yeye mwenyewe kwa umri huo huo. Aliyasema na kila mtu akaridhika, kwa maana nani angepinga? Hakukuwa na mtu ndani ya kifua chake. Daktari aliweka chuma chake kwa nje, akasikiliza nguo. Angekuwepo mtu mmoja tu, humo ndani kule chini, wa kumwambia: dada, hilo siyo vumbi tu.

Akafungua mdomo. Subilaga alikuwa anamtazama, ametulia, tofali mkononi.

"Usiende tena Itula," Tusekile alisema. "Kapumzike. Kesho kazi ni kubwa."

"Ndaga, shangazi," alishukuru Subilaga kwa Kinyakyusa, akakata.

Hata Shemeji, ambaye huwa hanyamazi, Tusekile hakumsikia.

*

Jumamosi alasiri mkufu ukawaka, na pamoja na ukumbi wa pumzi zikaja kelele. Maelfu ya watu. Aliwasikia kupitia ngozi ya Subilaga, wakitetemesha sakafu ya jukwaa. Ukutani aliwaona kwa mbali kama mchele uliomwagika.

"Kitendawili!" alisema Tusekile, na mdomo wa Subilaga ukasema, na vipaza sauti vikasema.

"Tegaaa!" uwanja ukajibu.

Akawategea chepesi, wakakipata, wakafurahi. Wimbo wa kwanza ukaenda. Wa pili ukaenda, mfupi, wa kuchezeka. Alikwepa pumzi ndefu kama mtu anayekwepa ubao mbovu kwenye sakafu. Kisha ngoma zikapiga lile pigo la nyundo, na uwanja mzima ukanyanyuka, kwa sababu walijua kinachokuja.

*Piga mama, piga...*

Walikuwa wanaimba naye. Wanawake wa Itula walikuwa wameletwa mbele kabisa, wamekaa kwenye viti vya heshima, wanapiga makofi kwa mtindo wa nyundo. Akamwona mama yake Subilaga, kitambaa cha kijani kichwani, anapiga kofi, anakohoa, anapiga kofi.

Pumzi ndefu ikafika. Akavuta.

Ikajaa nusu. Kulikuwa na nafasi bado, nafasi tele, nafasi ambayo hajawahi kuwa nayo tangu ujana wake. Ilimwita kama kitanda kinavyomwita mtu aliyechoka. Akishuka kidogo tu zaidi, angeishika ile sauti, na uwanja ungelia kama unavyolia siku zote. Na kule chini, krrr, ingebanduka kidogo tena.

Hakushuka. Aliiacha pumzi palepale nusu, na alipoitoa, ile sauti ndefu ikakatika katikati, fupi, kama kamba iliyokosa ndoo.

Uwanja ukasita. Wapiga ngoma wakatazamana. Tusekile akamalizia wimbo kwa vipande, maneno mawili, pumzi, maneno mawili, pumzi, vile vile anavyosema yeye kitandani kwake. Watu walidhani ni mtindo mpya. Wengine wakapiga makofi kwa wasiwasi.

"Tunapumzika kidogo," mdomo wa Subilaga ukasema, na taa zikashuka.

*

Kwenye chumba cha kubadilishia nguo Subilaga alifunga mlango, akakaa mbele ya kioo. Alikuwa peke yake. Mkufu ulikuwa unawaka bado.

"Shangazi, kuna nini? Mbona hukuvuta? Mimi nilikuwa tayari!"

Na mdomo wake huohuo, kwenye kioo hichohicho, ukamjibu. "Mwanangu. Nisikilize."

Hawakuwahi kuzungumza hivi, wawili kwa kinywa kimoja. Ilikuwa kama kumwona mtu anajihoji mwenyewe.

"Nakusikia."

"Weka mkono mgongoni. Kushoto. Chini ya mbavu. Vuta mwenyewe, mimi sikusaidii. Vuta mpaka mwisho."

Subilaga akavuta. Wote wawili wakasikia, lakini mmoja tu ndiye aliyeelewa.

"Kitu gani hicho? Kinakwaruza."

"Ndicho nilicho nacho mimi. Kwako bado ni kidogo. Ni kidogo sana, mwanangu, ukienda hospitali sasa, ukaacha Itula, ukaacha na hii kazi, kinaweza kisisogee tena."

Uso kwenye kioo haukutikisika. Tusekile alisikia moyo ule ukipiga, mara ukapiga kwa nguvu, kwenye kifua ambacho hakikuwa chake.

"Umejua lini?"

"Siku ya mazoezi."

"Siku ya mazoezi!" Sauti sasa ilikuwa ya Subilaga mtupu. "Jana nimekuonyesha chumba chako. Ukaniangalia. Ukaniambia nikapumzike!"

"Ndiyo."

"Ulitaka kwanza niimbe."

"Nilitaka kwanza nipumue," mdomo ule ukasema taratibu, na kwa kuwa ulikuwa mdomo wa Subilaga, ilibidi yeye mwenyewe aufungue ili maneno hayo yatoke.

Nje watu walianza kupiga miluzi. Mlango ukagongwa, Gwamaka alikuwa anaita kwa sauti ya kubembeleza.

"Sasa nyumba haina paa," Subilaga alisema. "Na mama bado yuko kwenye mawe. Nyimbo tatu tu zimebaki, shangazi. Niimbe hizo, kesho niende hospitali. Mwili ni wangu. Nikisema vuta, uvute."

Msichana alikuwa na haki. Mwili ulikuwa wake kweli. Na hizo nyimbo tatu alizitaka. Alizitaka kwa namna ya aibu, kama mtu anavyotaka chakula cha mgonjwa mwenzake.

"Mwili ni wako," alisema mwishoni. "Uende nao ukaimbe kwa sauti yako, ukitaka, mimi sina la kusema. Lakini pumzi inayovuta ni yangu, na mimi sivuti tena. Vua mkufu, Subi. Nisingependa nivue mimi. Vua wewe."

Subilaga alijitazama. Akainua mikono nyuma ya shingo. Vidole vilikuwa baridi, na Tusekile aliusikia ubaridi huo kwenye shingo yake mwenyewe, kule Matema, kwenye joto.

"Hukuniaga hata kwa kitendawili," msichana akasema, sijui kwa hasira au kwa nini.

Kibano kikaachia.

Ukumbi ukafungwa. Madirisha yote kwa mara moja. Tusekile akarudi kwenye kifua chake, chumba chembamba chenye ukuta wa mchanga, akavuta na pumzi ikakwama mlangoni. Akavuta tena. Kitandani, mikono imeshika shuka, hakuna moyo wa mtu mwingine. Shemeji akapandisha kasi bila kuambiwa.

*

Gwamaka alipayuka siku nzima, kisha akalia, kisha akaacha kupiga simu. Redio zilisema hili na lile. Baadaye zikapata mwingine wa kumsema. Tusekile alipata habari kwa muuguzi, ambaye alikuwa na binamu anayefagia hospitali moja ya Mbeya: yule msichana alifika, amepigwa picha, ameambiwa ni mapema. Mama yake naye alipelekwa, na kwake haikuwa mapema.

Zaidi ya hapo, kimya.

Mvua zikaja zikapita. Wadudu wakainuka, wakakwanguliwa, wakakaangwa. Tusekile alijaribu kutunga wimbo wa pumzi ya maneno mawili. Hakuna aliyekuwepo wa kumwimbia, basi alimwimbia Shemeji, akamwambia asiukosoe. Asubuhi nyingine aligonga kijiko kwenye chuma cha kitanda. Kijiko juu, vuta. Kijiko chini. Mara nyingi hakikutoka kitu.

Ukuta wa picha aliuacha umezimwa. Kwa hiyo siku ulipolia, kwanza alidhani ni Shemeji kaharibika.

Haikuwa na picha. Sauti tu, na nyuma yake kuku.

"Kitendawili," ikasema.

Tusekile alishika ukingo wa kitanda. Hakusalimiwa, na hakudai.

"Tega."

"Mgeni wangu hakai. Siku akikaa, nimekwisha."

Kilikuwa chake mwenyewe, neno kwa neno. Jibu lilikuwa mdomoni mwake, tena la neno moja tu, hata yeye angeweza kulitoa bila kupumzika. Angelitoa, na mchezo ungekwisha hapo, na simu pengine ingekatwa.

"Mkwe?" alisema.

Upande wa pili mtu alijizuia asicheke. "Siyo."

"Mvua."

"Shangazi. Hukijui kitendawili chako mwenyewe?"

"Uzee. Umenishinda."

"Basi nipe mji."

Kuku waliwika. Shemeji alikoroma. Miji yote aliyokuwa nayo alikuwa amepewa na msichana huyu, angeweza kuurudisha wowote: Chunya, Songea, Kasumulu na malori yake.

"Chukua Matema," alisema Tusekile.

Upande wa pili mlango ukafungwa, sauti za kuku zikabaki nje.

"Matema," sauti ikarudia, polepole. "Daktari kanikataza vumbi la barabara."

"Najua."

"Na mama siwezi kumwacha peke yake."

"Najua, mwanangu. Mji si lazima uchukuliwe leo."

"Ukipewa mji, lazima uende. Ndivyo ulivyonifundisha. Wanakulaza, wanakupikia, halafu ndipo unatoa jibu." Akakohoa, kidogo, akasubiri kidogo. "Jibu sikupi kwenye simu."

Simu ikakatwa.

Tusekile akainuka, akapumzika katikati ya chumba, akafika kwenye kiti kilichokuwa kimejaa nguo, akazitoa moja moja. Akakisukuma kwa goti, hatua, pumzi, hatua, pumzi, mpaka kwenye kioo cha kile kijichumba cha kupulizia vumbi. Akakiweka kinatazama mlango, na taa yake ambayo ilikuwa bado nyekundu.

"Shemeji," alisema, "jitayarishe. Tuna mgeni... huenda."

Akaketi kitandani, mikono mapajani, akaanza kufikiria atapika nini.